Kabla ya dalali, barua

Hotuba ya wakili kwa waajiri wadogo na viongozi wa matawi ya wafanyakazi, Dodoma. Inawekwa hapa kamili kwa ajili ya ambao hawakufika.

Mbukwenyi!

Haya, wenyeji mmeitikia. Ninyi mliohamia na makao makuu naona wengine bado mnatazamana. Tangu 2016 jamani, mngekuwa mmeshajua.

Waheshimiwa wenye shule, ndugu wakandarasi, mama zangu wenye hoteli na migahawa, wahasibu, na ninyi viongozi wa matawi ya wafanyakazi mliojipanga kule nyuma kama watu waliokuja kusindikiza: sogeeni mbele. Viti vipo. Nusu ya maneno yangu ya leo ni yenu.

Niondoe hofu mapema. Sikuja kuzungumzia kikokotoo, ile kanuni ya kukokotoa mafao ya kustaafu. Nikianza habari za asilimia 33 na asilimia 40 hatutatoka humu, na pilau la watu litapoa. Kikokotoo kinagawa kilichomo mfukoni. Mimi nimekuja kwa habari ya kile ambacho hakijafika mfukoni: michango ya uzeeni iliyokatwa kwenye mshahara, ikaandikwa kwenye hati ya mshahara, ikaishia njiani. Na namna inavyodaiwa. Hasa namna inavyodaiwa.

Tuanze na hesabu ili tusidanganyane. Kwa sekta binafsi mchango wa NSSF, yaani mfuko wa hifadhi ya jamii, ni asilimia 20 ya mshahara, na mwajiri anaruhusiwa kumkata mfanyakazi hadi asilimia 10. Mwalimu wako analipwa 600,000. Unamkata 60,000, unaongeza 60,000 yako, unapeleka 120,000. Unapewa mwezi mmoja baada ya mwezi wa mshahara kwisha. Usipopeleka miaka 2, ni 2,880,000 za mtu mmoja, kabla hujagusa nyongeza ya ucheleweshaji, ambayo inapanda mwezi hadi mwezi wewe ukiwa umelala.

Sasa niulize. Ile 60,000 iliyotoka kwenye mshahara wa mwalimu ni ya nani? Ni ya mwalimu. Ulipomkata haikugeuka kuwa yako. Ulipoitumia kununua dizeli ya basi la shule haikugeuka kuwa yako. Asije mtu akatoka hapa akasema wakili kasema wadaiwa waonewe huruma. Deni lidaiwe. Lidaiwe lote. Lakini lidaiwe kwa barua kwanza, barua ya kweli, iliyofika, inayosomeka, yenye muda wa kujibu.

Kuna wanaoona kwamba kumpa mdaiwa notisi ni kumpa nafasi ya kuficha mali. Nawaelewa. Wadaiwa wa namna hiyo nawajua, na wengine humu ndani nawaona wanatabasamu. Ila tazameni sheria zetu zenyewe zinavyofanya. Mfanyakazi anayelipwa kwa mwezi ukitaka kumwachisha, Sheria ya Ajira na Mahusiano Kazini ya mwaka 2004 inakutaka umpe notisi isiyopungua siku 28. Benki ikitaka kuuza nyumba yako uliyoweka rehani, inakupa notisi ya siku 60. Na wewe ukitaka kuishtaki Serikali? Siku 90. Hupokelewi mahakamani bila hizo siku 90. Na tangu marekebisho ya mwaka 2020, hizo siku 90 ni za mashirika ya umma pia.

Sikilizeni tena hapo. Wewe ukilidai shirika la umma, unalipatia siku 90 za kutafakari. Lenye wanasheria wake, lenye wahasibu wake, lenye masjala yenye watu. Mwenye nyumba ya wageni pale Majengo, asiye na mwanasheria, ambaye mhasibu wake ni mpwa wake aliyemaliza diploma juzi, apewe siku ngapi? Mimi sisemi 90. Nasema apewe siku zinazotosha kufungua makabati na kuhesabu.

Nina kisa cha shule moja. Sitaitaja, na mdai wake sitamtaja, kwa sababu mji wenyewe huu tunajuana. Shule ilianzia kwenye nyumba ya kupanga Chang'ombe, baadaye ikapata kiwanja ikahamia Nzuguni. Sanduku la posta likabaki lile lile la mwanzilishi, mzee wetu ambaye ameshatangulia mbele ya haki. Ufunguo anao nani? Hakuna anayejua. Barua ya madai ikaenda huko kwenye sanduku. Ya pili ikaletwa kwa mkono, akakabidhiwa mlinzi, akaisaini vizuri kabisa, akaitia kwenye droo ya kibanda cha getini pamoja na betri za tochi na daftari la wageni lililojaa. Wiki ya kufungua shule, wazazi wanalipa ada, mhasibu anakwenda benki kuandaa mishahara, anaambiwa akaunti imezuiwa.

Mnaona kilichotokea? Deni lilidaiwa kwa ajili ya walimu. Na waliokosa mshahara mwezi ule ni nani? Walimu.

Karatasi zilipokuja kufunuliwa, deni lilikuwepo. Nasema wazi: lilikuwepo, na mkurugenzi alilijua, alikuwa anaombea tu lisahaulike. Lakini kiasi chenyewe kilikuwa cha ajabu. Hesabu ilifanywa kwa orodha ya zamani. Karibu theluthi ya majina walikwishaondoka, na kati yao wapo walioajiriwa serikalini, ambako michango yao inakwenda PSSSF, mfuko wa watumishi wa umma. Mtu mmoja, mwezi mmoja, michango yake inadaiwa na mifuko miwili. Wakati huo huo walimu wapya wa chekechea hawakuwemo kabisa, hata mmoja. Kwa hiyo hesabu ilizidi kule ikapungua huku, na jumla yake haikuwa ya mtu yeyote. Barua moja yenye majina ndani yake, ikiwa imefika mkononi mwa mtu anayeweza kuijibu, ingeyamaliza yale mezani asubuhi moja.

Watu wa matekelezo, wanaofuatilia waajiri wasioleta michango, ni watu wa kazi, wala simlaumu ofisa anayezunguka na pikipiki kutoka Kizota hadi Ihumwa kwenye jua lile la Oktoba. Ninacholaumu ni kudhani kwamba notisi ni heshima tu anayofanyiwa mdaiwa, kama salamu. Notisi ni sehemu ya hesabu. Anayedai ana nusu ya karatasi, anayedaiwa ana nusu nyingine. Bila kuziweka pamoja hamna namba, mna makadirio.

Na hili si jambo la kuomba. Katiba yetu ya mwaka 1977, ibara ya 13(6)(a), inasema haki na wajibu wa mtu vinapohitaji kufanyiwa uamuzi na mahakama au chombo kingine kinachohusika, mtu huyo atakuwa na haki ya kupewa fursa ya kusikilizwa kwa ukamilifu, na haki ya kukata rufaa. Mahakama au chombo kingine. Na Mahakama ya Rufani, katika shauri la Mbeya-Rukwa Autoparts lililoripotiwa mwaka 2003, ilisema kusikilizwa si kanuni ya kurithi kutoka kwa Waingereza tu, ni haki ya kikatiba.

Ila kwa kuwa tumewataja Waingereza, niwape kisa chao, ni kizuri. Wandsworth, London, kesi ya mwaka 1863. Bwana mmoja, Cooper, anajenga nyumba. Sheria ilimtaka atoe taarifa kwa bodi ya ujenzi siku 7 kabla ya kuanza. Yeye anasema alituma, bodi inasema haikupata. Mnaona, hata wao posta ilikuwa inawasumbua! Nyumba imefika ghorofa ya pili, bodi ikatuma watu jioni wakaibomoa hadi chini. Bodi ikajitetea kwamba sheria inaturuhusu kubomoa. Na ni kweli, iliruhusu. Mahakama ikasema: inawaruhusu, lakini mlitakiwa mumwite kwanza mumsikilize. Cooper akalipwa.

Mmoja wa majaji wale alirudia maneno yaliyosemwa kwenye shauri la Chuo Kikuu cha Cambridge mwaka 1723: kwamba hata Mungu hakumhukumu Adamu kabla ya kumwita ajitetee. Fungueni Mwanzo, sura ya tatu. "Uko wapi?" Je, Mungu hakujua Adamu yuko wapi? Alijua. Alijua alipo, alijua alichokula, alijua nani alimpa. Akamwita hata hivyo. Na ndugu zangu Waislamu mnayo aya ya 15 ya Sura Al-Israa, kwamba haiji adhabu mpaka kwanza ametumwa mjumbe. Kwa hiyo yule anayeniambia "wakili, hatuna haja ya kumwandikia, tunajua anadaiwa" namuuliza: unajua kuliko nani?

Nije India, maana wenzetu hawa wamehangaika na jambo hili hasa, la michango ya uzeeni, kwa miaka mingi. Sheria waliyoitunga mwaka 1952 ilikuwa na kifungu kinaitwa 7A. Ofisa wa mfuko akitaka kujua mwajiri anadaiwa kiasi gani, alifanya uchunguzi akiwa na nguvu za mahakama: kuita watu, kuwaapisha, kudai vitabu. Na kifungu hicho hicho kikasema amri haitoki mpaka mwajiri amepewa nafasi ya kutosha ya kueleza upande wake. Asipokuja? Ofisa anaamua bila yeye. Akija baadaye na sababu ya maana, kwamba notisi haikumfikia au alizuiwa na jambo la kweli, ana miezi 3 ya kuomba amri iondolewe. Akitaka kukata rufaa, aweke kwanza asilimia 75 ya kiasi alichoamriwa, isipokuwa baraza likimpunguzia kwa sababu litakazoziandika.

Lakini msidhani ni watu laini. Akishasikilizwa, akashindwa, akakaidi, sheria hiyo ilimruhusu ofisa kumwandikia benki yake moja kwa moja, au mtu yeyote anayedaiwa na mwajiri yule, kwamba fedha ile usimpe yeye, ilete huku. Na nakala ya barua apelekewe mwajiri. Hata pale, wakati wa mabavu, nakala.

Katika sheria yao mpya ya hifadhi ya jamii ya mwaka 2020 wameongeza kikomo: uchunguzi hauanzishwi baada ya miaka 5. Hapo mimi siwafuati. Waajiri mtakipenda, naona mmeanza kuandika. Msiandike. Mfanyakazi wa kawaida hagundui pengo akiwa na miaka 35. Analigundua akiwa na 59, siku anakwenda kujaza fomu. Ukimwambia miaka 5 imepita, umempa mwajiri mbaya zawadi ya uvumilivu.

Na hapo ndipo niwafikie ninyi mliosogea mbele.

Kuna mama mmoja alikuwa mpishi wa nyumba ya wageni hapa mjini, miaka mingi, ugali na mlenda wake watu walitoka Singida kuufuata. Mwajiri wake alibanwa, akakaza, akabanwa tena, mwisho akalipa mkupuo mmoja ili wasimchukulie mali. Kila mtu akapongezana. Fedha imerudi! Mama alipokwenda kuulizia mafao yake akakuta miezi ileile mitupu. Kwa nini? Kwa sababu mkupuo ulilipwa bila orodha. Haukusema shilingi hizi ni za nani, za mwezi gani. Fedha ilirudi, miezi haikurudi.

Na miezi ndiyo kila kitu. Ili upate pensheni ya kila mwezi unahitaji miezi 180 ya michango, yaani miaka 15. Mwenye 180 analipwa pensheni mpaka anaingia kaburini. Mwenye 172 anapewa chake mara moja, anaagwa. Tofauti ni miezi 8. Miezi 8 ambayo huenda mwajiri alishakata, huenda hata alishalipa, kwa haraka, bila majina, kwa sababu hakuna aliyemwandikia barua inayouliza majina.

Yule mama ilibidi aanze kutafuta hati za mshahara za zamani. Alikuwa nazo, amezifunga na kanga kwenye sanduku la bati. Wangapi kati yenu mnazo? Inueni mikono. ... Basi. Mnaona wenyewe.

Ndiyo maana nasema barua ya madai inapaswa kwenda sehemu mbili. Kwa mwajiri, na kwa mfanyakazi. Mwajiri anaambiwa unadaiwa hiki. Mfanyakazi anaambiwa mwajiri wako hajaleta miezi hii, je, ulikuwepo kazini? Ulikatwa? Una karatasi? Leo hii mtu anaweza kuangalia michango yake kwenye simu akiwa kwenye daladala ya Nkuhungu. Kumtumia ujumbe kwamba mwezi wa tatu haujaingia kunagharimu nini? Mfanyakazi akiambiwa mapema anakuwa mkaguzi wa bure, tena mkali kuliko wote, kwa sababu ni uzee wake.

Barua yenyewe iweje? Itaje majina. Itaje miezi, mmoja mmoja, si "malimbikizo ya muda mrefu". Ioneshe mshahara uliotumika kupigia hesabu na mahali ulipopatikana. Itenganishe mchango na nyongeza ya ucheleweshaji, maana mchango ni wa mfanyakazi na hauna mjadala, na nyongeza ndiyo inayoweza kuombewa nafuu. Iseme jibu liletwe lini, ofisi gani, kwa nani. Iseme usipojibu kitafuata nini. Na ipelekwe mahali biashara ilipo leo, siyo kwenye sanduku la marehemu.

Kwa nini nasisitiza ifanyike kabla ya mahakama? Kwa sababu madai ya namna hii huweza kufunguliwa kwa utaratibu wa muhtasari, Amri ya 35 ya Sheria ya Mwenendo wa Madai. Huko mdaiwa hajitetei mpaka aombe ruhusa ya kujitetea na akubaliwe. Ukifika huko ndipo unakumbuka kwamba mwalimu fulani aliondoka mwezi wa nne, umechelewa sana kulikumbuka.

Nitasema na hili, mtanisamehe walioko serikalini. Mwajiri mkubwa kuliko wote nchini aliwahi kuwa na deni la michango. Serikali ilidaiwa kwa ajili ya watumishi wa tangu kabla ya 1999, deni likakaguliwa, likahakikiwa, likazungumzwa, na mwishoni mwa mwaka 2021 ikatoa kwa PSSSF hatifungani maalumu isiyo ya fedha taslimu, yaani hati ya ahadi ya kulipa, ya zaidi ya shilingi trilioni 2. Hakuna aliyepeleka dalali wa kukamata mali wizarani. Na sisemi vibaya, lilikuwa jambo zuri: waliketi, wakahakiki, wakapanga. Mwaka huo huo Rais Samia aliwataka watu wa TRA waache kukusanya kwa kutumia nguvu na kufunga akaunti za wafanyabiashara. Basi uhakiki uliomfaa mdaiwa mkubwa umfae na mwenye karakana Kizota.

Waajiri, sijamaliza na ninyi. Ukitaka notisi ya haki, uwe mtu anayeweza kupata notisi. Umehama, andika kwamba umehama. Mfanyakazi kaondoka, mtoe kwenye orodha mwezi uleule, usingoje mkaguzi. Kumbukumbu za ajira zitunzwe, sheria inataka miaka 5 baada ya mtu kuondoka. Mimi nawashauri mtunze zaidi, kwa sababu deni halina haraka ya kufa. Na ukipata barua ambayo nusu yake unaikubali na nusu unaikataa, lipa ile nusu unayoikubali, na orodha ya majina, siku hiyo hiyo. Usishikilie mchango wa mpishi kwa sababu unagombania wa mlinzi.

Na yule aliyepata barua nzuri, yenye majina, yenye muda, akaikunja akaitia kwenye droo? Huyo sina neno naye. Dalali aje.

Nimeona watu watatu wanne wamekuja na barua zao mkononi, na mwalimu mmoja pale ana bahasha nzima. Msizionyeshe mbele za watu. Tukishakula, niko kwenye meza ile ya dirishani. Waajiri na wafanyakazi wa sehemu moja mje pamoja kama mnaweza, tusome karatasi moja. Mwenyekiti, nakurudishia kipaza sauti. Asanteni.